Namba ya Kuteleza

Maiti ilikuwa imeshonwa vizuri mno.

Hilo ndilo lililomkera Inspekta tangu shuka lilipofunuliwa. Katika kazi yake alikuwa ameona maiti za kila aina, zilizoungua, zilizozama, zilizokatwa kwa hasira, na hakukumbuka hata moja ambayo aliyeijeruhi alirudi kuifunga kidonda. Mzee huyu alikuwa na mkato mmoja tu, chini ya mfupa wa bega la kushoto, mfupi na ulionyooka. Nyuzi zilipita kwa nafasi sawa. Juu yake palibandikwa bandeji nyeupe, safi, pembe zote nne zimekaa sawasawa.

"Wamemwibia betri ya moyo," alisema Sajini, mwanamke mfupi mwenye ulimi mwepesi. "Afande, nimeona watu wakiiba milango ya vyoo. Nimeona mmoja aliiba geti la nyumba yake mwenyewe. Lakini hili, hapana."

"Pole, mzee," Inspekta alimwambia marehemu, akamrudishia shuka hadi kidevuni.

Ndiyo ilikuwa tabia yake. Alitoa pole kabla ya kuuliza swali lolote, kwa aliyeibiwa, kwa aliyeiba, na sasa hata kwa aliyekufa. Kituoni walimwita Inspekta Pole, wakidhani hajui. Alijua, na wala hakuona haja ya kuwakatiza raha yao.

Mtoto mkubwa wa marehemu alikuwa koridoni, amekumbatia sare ya buluu iliyopigwa pasi. Baba yake alikuwa dereva wa treni mpaka alipostaafu, na aliwahi kusema kwamba akifa azikwe na sare ya kazi. Kijana alikuja mchana huo kumvisha. Alipofungua shati akakutana na bandeji ambayo jana yake haikuwepo, na kile kivimbe cha betri kimetoweka.

"Pole sana, kijana. Baba yako alikuwa na ugomvi na mtu?"

"Na mtu gani? Baba alikuwa akigombana na redio tu."

"Nani alijua ana kifaa kifuani?"

"Mtaa mzima. Alikuwa akiwaambia watoto ana injini mbili."

Kijana alianza kucheka, machozi yakamtoka. Aliyafuta macho kwa ile sare, kisha akaikung'uta haraka kama aliyefanya kosa.

"Mama amekataa kuzika," alisema. "Kaburi limeshachimbwa, ndugu wameshasafiri, wamefika. Anasema yeye hakuolewa na nusu ya mtu na hatazika nusu ya mtu. Kifaa kirudi kwanza. Inspekta, tangu baba aanguke mama hajalala. Mimi sitaki mwizi afungwe wala asifungwe. Nataka mama yangu alale."

Inspekta alijua vizuri kwamba polisi hatakiwi kuahidi kitu. Sajini alimkazia macho kumkumbusha.

"Nitakirudisha," Inspekta aliahidi.

Mlinzi wa chumba cha maiti walimwita Baridi, na si kwa sababu ya majokofu yake tu. Alikaa kwenye kiti chake cha plastiki, miguu kaipandisha juu ya meza, akijibu kama mtu anayelipishwa kwa kila neno.

"Pole na kazi. Tangu jana jioni mpaka leo mchana, nani aliingia humu?"

"Hakuna mtu."

"Funguo anazo nani?"

"Mimi."

"Ulitoka?"

"Kula. Dakika chache. Hawa wangu hawatoroki."

"Wewe ndiye unayewashona baada ya uchunguzi wa daktari?"

"Mimi."

Inspekta aliomba aoneshwe kazi yake. Baridi alifunua maiti nyingine bila kuona haya. Mshono ulikwenda huku na kule, nyuzi nene, mafundo makubwa, kama mdomo wa gunia la viazi. Sajini aligeuza uso.

"Si yeye," Inspekta alinong'ona walipotoka. "Huyu hata akitaka hawezi kushona vile. Aliyemfungua mzee yule amesimama miaka kwenye chumba cha upasuaji. Na tena alimwonea huruma. Mwizi gani anabandika bandeji kwa mtu asiyevuja damu?"

"Daktari," alisema Sajini.

"Au nesi. Twende kwa daktari kwanza."

Daktari wa moyo alikuwa mtu mrefu, mpole, mwenye macho ya kukosa usingizi. Mezani pake palikuwa na moyo wa plastiki unaofunguka vipande vipande, na kando yake kidude cha chuma kinachong'aa, duara, kinachoenea kiganjani.

"Ndicho hiki?" Inspekta aliuliza.

"Ni ndugu yake. Tunaita kidhibiti mapigo. Moyo ukichelewa, chenyewe kinausukuma. Wagonjwa wanakiita betri."

"Cha wizi kinauzwa wapi?"

"Hakiuziki. Kikishatoka kifuani mwa mtu ni takataka."

"Basi nani angekitaka?"

Daktari alinyanyua mabega.

"Mzee alikufa kwa nini?"

"Aliteleza bafuni, akajigonga kichwa. Ndivyo ripoti ilivyoandikwa."

"Kichwa ulikiona?"

"Kilikuwa na uvimbe. Mdogo."

"Mdogo wa kuua?"

Daktari alivua miwani, akaifuta, ingawa ilikuwa safi. "Umri ulikuwa umemtupa mkono, Inspekta."

"Umri si kidonda. Na betri, ilikuwa nzima?"

Hapo daktari aliirudisha miwani usoni. Kisha akaeleza, taratibu, kwamba wana mashine ya kusomea vifaa hivyo. Unaiweka juu ya kifua, inazungumza na kilichomo ndani bila kupasua mtu. Mzee alipoletwa waliiweka. Haikujibiwa.

"Kwa sababu alikuwa ameshakufa?"

"Hapana. Kifaa hakijui kama mwenyewe amekufa. Kinaendelea kusukuma tu, hata kaburini, mpaka betri iishe. Na ya huyu mzee ilikuwa bado changa."

Sajini, ambaye alikuwa akichezea ule moyo wa plastiki, aliurudisha mezani polepole.

"Kwa hiyo kilizima," alisema Inspekta. "Kabla ya kuanguka au baada?"

"Pengine kiliharibika alipoanguka. Pengine vinginevyo. Huwezi kujua mpaka kifunguliwe maabara."

"Mbona hakikufunguliwa?"

"Lazima familia iridhie kwa maandishi. Ama itoke amri ya polisi au ya mahakama. Sasa wewe nenda uwakute watu wanalia, uwaambie tunaomba tumpasue mzee wenu. Nani anaweza? Hatuombi. Wanazikwa navyo."

"Wote?"

"Wote," alijibu daktari, na sauti yake ilishuka.

Nyumba ya mjane ilikuwa imejaa wanawake waliokaa chini na wanaume waliosimama nje bila kujua mikono waiweke wapi. Inspekta alivua kofia. Mjane alikuwa mwanamke mkubwa, mnene, aliyejifunga kitenge kichwani mpaka kwenye nyusi. Alimshika Inspekta mkono, akampeleka moja kwa moja bafuni kana kwamba alikuwa akimsubiri.

"Hapa," alisema.

Kilikuwa chumba kidogo, sakafu ya saruji, ndoo mbili, kata ya plastiki. Katikati palitandikwa mkeka wa mpira wenye vitundu.

"Pole, Mama. Mkeka huu ni wa siku nyingi?"

"Hospitali ndiyo iliyotupa. Walisema wagonjwa wao wa moyo wanateleza sana, kila mmoja apewe wake. Mume wangu alicheka. Alisema hata reli hazikuwahi kumtelezesha."

"Alikuwa ameshaoga?"

"Hata hajaanza. Alikuwa na nguo zake zote. Nilisikia kishindo nikadhani ameangusha ndoo, nikamkemea kutoka jikoni. Nikamwambia, wewe baba, utatuvunjia vyombo."

 Kisha alifunga mlango wa bafu nyuma yao, wanawake wale wasisikie.

"Nikuambie kitu ambacho sijamwambia hata mwanangu. Asubuhi ile nilifulia humu. Nilimwaga maji ya sabuni nikasuuza kwa haraka kwa sababu nilikuwa na mchele jikoni. Kwa haraka, baba. Sikusuuza vizuri. Mimi ndiye niliyemuua mume wangu." Alikaza fundo la kitenge. "Ndiyo maana nataka nizike mtu kamili. Nimemtoa roho, angalau mwili wake usipungue."

Inspekta alichuchumaa, akapitisha kiganja kwenye saruji na juu ya ule mkeka. Hapakuwa na utelezi wowote. Lakini siku zilikuwa zimepita, na sakafu iliyokauka haiwezi kuapa mahakamani.  Alisimama, magoti yakalia, wakatoka.

Sajini alikuwa akimngoja kwenye gari, uso umekunjamana.

"Afande, kuna jambo halinikai akilini. Kijana aliona bandeji mchana, sivyo?"

"Mchana."

"Nimepiga kituoni. Simu ya kutoa taarifa ya wizi iliingia asubuhi. Mwanamke. Alisema kuna kifaa kimeibwa kifuani mwa maiti, akataka lifunguliwe jalada la jinai. Aliyepokea alidhani ni mlevi. Yule mama akamwomba tena, kwa adabu, amhakikishie kwamba jalada limefunguliwa. Hakukata simu mpaka alipohakikishiwa."

"Alijua kabla ya mwenye maiti."

"Na alipiga kutoka hospitalini. Simu ya mezani ya ofisi. Ofisi ya Misimbo."

"Ndiyo nini hiyo?"

"Hata mimi nimeuliza. Wanasema kuna mama anakaa huko nyuma ya dobi, anazipa ripoti za ajali namba. Wanamwita Mama Namba. Zamani alikuwa nesi wa chumba cha upasuaji, mgongo ukamkatalia, akapewa kazi ya kukaa."

Walirudi kwa Baridi. Bado alikuwa kwenye kiti chake.

"Mama Namba aliingia humu leo?"

"Ehee. Asubuhi, nilipokwenda kula. Nilimwachia ufunguo."

"Wewe si ulisema hakuna mtu aliyeingia!"

"Hakuna mtu," alijitetea Baridi, kwa mara ya kwanza akiteremsha miguu. "Mama Namba huyo, Afande! Huyo si mtu, huyo ni wa humuhumu. Tangu mwaka jana, kila akija maiti mwenye betri huja kunakili namba ya kifaa kwenye faili. Mama wa watu hata salamu yake haina kelele."

Ofisi ya Misimbo ilikuwa chumba kimoja chenye dirisha dogo, na mvuke wa pasi za dobi ulipenya hadi ndani. Palikuwa na kompyuta moja, kitabu kinene cha misimbo kilichochakaa kona, na viti viwili vya wageni vilivyopangwa kuelekea meza. Mwanamke aliyekuwa nyuma ya meza alikuwa mwembamba, mwenye mvi mbele tu, ameketi wima kama wanavyokaa wenye maumivu ya mgongo.

"Karibuni," alisema. "Nilidhani mngekuja mapema."

"Pole na kazi, Mama. Unajua tumekuja kwa nini?"

"Najua."

Alivuta droo, akatoa bahasha, akaiweka mezani kwa mikono miwili. Ndani, kwenye kitambaa cha hospitali kilichokunjwa vizuri, mlikuwa na kile kidude cha chuma.

Sajini alimwonya kisheria kwamba halazimiki kusema lolote, na kwamba atakalosema laweza kutumiwa kama ushahidi dhidi yake. Mama Namba alisikiliza mpaka mwisho, akaitikia kwa kichwa.

"Ulikitoa wewe?"

"Mimi."

"Peke yako?"

"Peke yangu. Yule wa chumba cha maiti msimsumbue, hakujua."

"Na ukapiga simu polisi, ujishtaki mwenyewe?"

"Nilikuwa nataka kesi," alisema Mama Namba. "Kesi ikiwepo, hiki si kifaa tena. Ni kielelezo. Na kielelezo lazima kichunguzwe, nyinyi hamna hiari. Sivyo, Inspekta?"

Inspekta alivuta kiti, akakaa. Katika miaka yake yote watu walikuwa wamemdanganya ili kesi isiwepo.

"Tueleze kazi yako kwanza," alisema.

Alieleza kama mwalimu mvumilivu. Mtu mwenye kifaa cha moyo akipatwa na jambo, wodini au nyumbani, ripoti inaandikwa na kuletwa kwake. Haina jina, kwa kulinda siri za wagonjwa. Ina umri, jinsia, aina ya kifaa na maelezo. Kazi yake ni kuipa misimbo: ni nini kilitokea, kilimdhuru mgonjwa vipi, chanzo ni nini. Ikipata msimbo wa hitilafu ya kifaa, inakwenda kwa watu wa vifaa, wanaanza kuulizana. Ikipata msimbo wa kuteleza, inakwenda kwa watu wa usalama wa majengo.

"Na wao hufanya nini?"

"Walinunua mikeka ya mpira," alisema Mama Namba.

Sajini alimtazama Inspekta. Inspekta aliinamisha kichwa.

"Sheria yetu ni moja. Hatuandiki tunachojua wala tunachohisi. Tunaipa namba kile kilichoandikwa. Wakiandika aliteleza, ameteleza. Kwenye chanzo, kama kifaa hakikufunguliwa, unaweka namba ya 'hakikuchunguzwa'. Na hakuna kinachofunguliwa, kwa sababu kila kimoja kinazikwa. Basi ukitazama mahesabu ya mwaka, vifaa ni vizima vyote. Watu ndio hawajui kutembea."

"Wewe uligundua lini kuna kitu?"

 Nje mtu wa dobi alikuwa akiimba huku akikung'uta mashuka.

"Nilikuwa na binti," alisema. "Moyo wake ulikuwa na kasoro tangu utotoni. Akawekewa kifaa kama hiki, aina hiihii. Alikuwa akiishi peke yake, anashona nguo za harusi. Mwaka jana jirani alimkuta bafuni, amekufa. Wakaniambia ameteleza. Na mimi nikasadiki, kwa sababu alikuwa na kandambili zilizokwisha soli, na nilikuwa nimemgombeza mara ngapi azitupe. Hata siku ya kumzika niliinama pale kaburini nikamgombeza. Nilimwambia, mwanangu, nilikuambia nini kuhusu zile kandambili?"

Alinyoosha kona ya kitabu cha misimbo. 

"Nikarudi kazini. Ripoti huchelewa, zinakuja kwa mafungu. Siku moja nikafungua moja. Mwanamke, bado kijana. Amekutwa bafuni ameketi kwenye kigoda, miguu mitupu, ameegemea ukuta, ndoo imejaa, hajajimwagia hata tone la maji. Mwisho wameandika, inadhaniwa aliteleza. Nikaipa namba ya kuteleza. Chanzo, hakikuchunguzwa. Nikaifunga, nikamimina chai."

"Ilikuwa ya binti yako," Inspekta alisema polepole.

"Sikujua! Haina jina. Nilikunywa chai yangu ikaisha. Jioni nikaenda kukusanya vitu vyake, nikaingia bafuni, nikakiona kigoda. Kipo pale pale. Nikakaa juu yake." Alishika ukingo wa meza. "Mtu aliyeketi anatelezaje, Inspekta? Nimesoma kwa macho yangu kwamba ameketi, nikaandika kwa mkono wangu kwamba ameteleza. Nimemwandika mwanangu uongo na nikanywa chai."

Sajini aliacha kuandika. Kalamu ilikuwa imesimama mkononi.

"Kesho yake nikaanza kusoma za nyuma. Aliyeanguka ngazini, aliyeanguka jikoni, aliyeanguka akiwa amepiga magoti shambani. Kifaa aina moja. Zote namba zangu. Nikaenda kwa wakubwa. Mara ya kwanza wakaniambia nilete ushahidi. Mara ya pili wakaniambia nichukue likizo. Na walikuwa sahihi kwa sheria, maana ushahidi ulikuwa ardhini. Nikaomba binti yangu afukuliwe. Baba yake akakataa, akasema nimemsumbua akiwa hai, nimwache alale."

"Basi ukasubiri."

"Nikasubiri." Aliinua macho, na yalikuwa makavu kabisa. "Hilo liandikeni vilevile. Nilikuwa nangoja mtu mwingine afe. Kila asubuhi nikifika naomba asiwepo, na kila asubuhi nikikuta hayupo nasikitika. Kuna watu wengi mjini humu wanatembea na kifaa hiki kifuani, wanacheka na watoto wao. Mimi nilikuwa nangoja mmoja wao. Akaja mzee wa treni."

"Kwa nini hukwenda kuiomba familia? Saini moja ingetosha. Usingekuwa na kesi."

"Nilikwenda. Juzi. Nilifika mpaka mlangoni, viatu nimevua. Nikamsikia mke wake ndani analia. Nikakumbuka nilivyolia mimi. Nikavaa viatu, nikarudi." Sauti yake ikawa ndogo sana. "Kumkata aliyekufa niliweza. Kumwomba aliye hai sikuweza. Nilimwomba mzee mwenyewe radhi, nikamfunga vizuri. Mwambieni mke wake nilimfunga vizuri."

Inspekta aliichukua ile bahasha. Alikuwa ameahidi kuirudisha, na sasa hakuweza. Kielelezo hakirudi nyumbani mpaka kesi iishe, na kikifunguliwa maabara hakitarudi kama kilivyokuwa. Angeweza kutumia amri, sheria ilimruhusu. Lakini jioni hiyo aliendesha gari mwenyewe hadi kwa mjane, akaketi naye jikoni, akaweka kifaa mezani baina yao.

Mjane alikitazama muda mrefu bila kukigusa.

"Kadogo hivi?"

"Kadogo, Mama. Nilimwahidi mwanao kukirudisha, na nimekuja kukuomba nisikirudishe."

Akamweleza yote. Alipofika kwenye kigoda, mjane alijishika mdomo. Alipofika kwenye mikeka ya mpira, alifumba macho.

"Kwa hiyo inawezekana si sabuni," alisema.

"Inawezekana. Bila kukifungua siwezi kuapa."

"Na nikikataa?"

"Ukikataa, nitatumia amri. Lakini nisingependa."

Mjane alicheka kicheko kifupi chenye machozi. "Wewe nawe, polisi gani unabembeleza watu." Alikichukua kifaa, akakifumbata, akakiweka kifuani pake upande wa kushoto. Alikaa nacho hivyo mpaka sufuria ikachemka na kumwagika mekoni. Kisha akamkabidhi.

"Kifungueni. Kesho tutamzika. Mwambieni mwanangu amvishe sare."

Majibu ya maabara yalichukua wiki kadhaa. Ndani ya kifaa, kiungo kimoja chembamba kama unywele kilikuwa kimekatika, betri ikiwa bado imejaa. Kiliungua taratibu kutoka ndani, si kwa kishindo cha kuanguka. Mzee hakuteleza. Moyo wake ulisubiri kusukumwa, haukusukumwa, ndipo akaanguka.

Wenye vifaa vya aina hiyo waliitwa hospitalini mmoja mmoja. Walijaa kwenye mabenchi, wengine wameshika kifua kwa mkono kana kwamba kitadondoka. Daktari wa moyo aliwafanyia upasuaji mfululizo mpaka macho yakamwiva. Wawili walioitwa hawakuja. Walikuwa wameshazikwa, na ripoti zao zilikuwa na ile namba ya kuteleza.

Kesi haikufutwa. Kupasua maiti bila idhini ni kosa, na Mama Namba mwenyewe hakutaka kesi ifutwe. Siku ya hukumu alikuwa kwenye benchi la koridoni nje ya mahakama, mgongo wima, Inspekta na Sajini wamesimama kando. Mjane alitokea ngazini akihema, mwanawe amemshika kiwiko. Hakuwa ameitwa shahidi.

Alisimama mbele ya Mama Namba. Mama Namba akataka kuinuka, mgongo ukamkatalia.

"Ni wewe uliyefika mlangoni kwangu ukarudi?"

"Ni mimi."

"Ungeniomba, ningekupa."

Mama Namba alifungua mdomo. Yale macho yaliyokuwa makavu ofisini, kituoni na mahabusu yalijaa mara moja, na alilia kwa sauti, bila kujificha uso, mpaka karani akachungulia mlangoni kuona kuna nini.

"Nilimgombeza," alisema katikati ya kwikwi. "Mwanangu. Kwa kandambili. Na hakuwa nazo hata mguuni."

"Na mimi nilimkemea wangu kwa ndoo," alisema mjane. Alimpa mwanawe mkoba, akajishusha taratibu kwenye benchi karibu na yule mwanamke, mabega yakagusana.

Inspekta alitaka kusema lile neno lake. Aliwatazama wale wawili, akalimeza.

"Sogea kidogo," mjane alimwambia Mama Namba, "nikae vizuri. Watatuita."